Sulhu, Afuu na Adhabu: Lini Familia Ina Haki ya Kusamehe, na Lini Haina

Bismillahir Rahmanir Rahim. Kila sifa njema ni ya Allah Subhanahu wa Ta'ala, na sala na salamu zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W), jamaa zake na Masahaba zake wote.

Miongoni mwa maswali yanayotufikia mara kwa mara kutoka Unguja na Pemba kuna haya yenye sura moja. Mtu amedhulumiwa, wazee wa pande mbili wamekaa, wamepatana, na sasa wanataka kujua kama dini inawaunga mkono wakenda Polisi kusema kesi imekwisha. Mara nyengine muulizaji ni mama mtu, naye hakuitwa kwenye kikao. Anauliza kwa sauti ya chini: "Sheikh, wamesema tusamehe kwa ajili ya Mungu. Mimi nikikataa nitapata dhambi?"

Jawabu haiwezi kuwa moja kwa wote. Inategemea nini kimefanywa, haki iliyovunjwa ni ya nani, na huyo anayesamehe amepata wapi uwezo wa kusamehe. Makala hii inajaribu kuyapanga mambo hayo kwa mujibu wa madhehebu yetu ya Shafi, na kueleza yanakutana vipi na sheria za nchi tunayoishi.

Haki ni ya nani?

Wanazuoni wamezigawa haki katika mafungu mawili makubwa: haki ya Allah na haki ya mja. Haki ya mja ni kama deni, jeraha, kuuliwa jamaa yako, kutukanwa. Mwenyewe akipenda atadai, akipenda atasamehe. Haki ya Allah ni ile ambayo ndani yake mna maslaha ya watu wote, na hakuna mtu mmoja anayeweza kusimama akasema mimi nimeiachia. Mambo mengi yamechanganya zote mbili. Mwizi amechukua mali yako, hiyo ni haki yako. Lakini pia ameuvunja usalama wa mtaa mzima.

Mfano mwepesi wa kulifahamu hili ni kisa cha Safwan bin Umayya (R.A), kilichopokewa na Abu Dawud na Nasai. Alilala msikitini akaibiwa nguo yake. Mwizi akakamatwa, akapelekwa kwa Mtume (S.A.W), na ikahukumiwa akatwe mkono. Safwan akaingia huruma, akasema hakukusudia yafike huko, na nguo yenyewe amempa. Mtume (S.A.W) akamuuliza kwa nini hakufanya hivyo kabla hajamleta. Hapa tunapata kanuni ambayo watu wengi huinukuu nusu: mlango wa msamaha ulikuwa wazi kwa Safwan katika mali yake, na ulifungwa ilipofika kwa mwenye mamlaka. Nusu wanayoisahau ni kuwa Safwan alikuwa mtu mzima, mwenye akili, na nguo ilikuwa yake. Tutairudia nukta hii.

Kuua kwa makusudi

Katika Suratul Baqara, aya ya 178, Allah ameweka kisasi, kisha hapo hapo akafungua njia ya kusamehe, na akamwita aliyeuliwa jamaa yake kuwa ni ndugu wa huyo muuaji. Tazama neno hilo limewekwa wapi. Akaamrisha anayesamehewa alipe kwa wema, na akataja kuwa hiyo ni takhfifu na rehema kutoka Kwake. Katika Suratush Shura, aya ya 40, ameahidi kuwa anayesamehe na akasuluhisha malipo yake yako kwa Allah. Anas bin Malik (R.A) amesimulia kuwa hakupata kuona kesi ya kisasi iliyofikishwa kwa Mtume (S.A.W) ila aliamrisha msamaha.

Kwa hivyo warithi wa aliyeuawa wana mambo matatu: kisasi kinachotekelezwa na mamlaka, si na wao wenyewe, au diya, au kusamehe bure. Na akisamehe mrithi mmoja tu miongoni mwao, hata mke, kisasi kinaanguka kwa wote, waliobaki watapata sehemu zao za diya.

Lakini ikiwa miongoni mwa warithi kuna mtoto mdogo, madhehebu ya Shafi yanasema kisasi kinangojewa mpaka mtoto huyo abaleghe, na muuaji anabaki gerezani muda wote huo. Walii wake hana uwezo wa kumsamehea. Vitabu vya fiqhi hutaja kuwa Muawiya (R.A) alimfunga Hudba bin Khashram mpaka mtoto wa aliyeuawa akakua akaamua mwenyewe. Fikiria: dola nzima inamsubiri mtoto akue, kwa sababu haki ni yake.

Kwa sheria ya Zanzibar, kuua kwa makusudi ni kosa la jinai linaloendeshwa na Mkurugenzi wa Mashtaka, na msamaha wa familia hauifuti kesi. Mahkama ya Kadhi kwa Sheria ya 2017 inashughulika na ndoa, talaka, mirathi, wakfu na mfano wa hayo, jinai haimo. Kwa hiyo familia inayosamehe hapa kwetu inasamehe baina yake na Mola wake na baina yake na muuaji. Thawabu yake haipungui hata chembe kwa sababu hakimu ameendelea na hukumu.

Wako wanaoona huo ni upungufu, kuwa sheria ya kizungu imewanyima warithi haki yao. Nawaomba watazame Pakistan. Mwaka 1990 ililetwa huko sheria ya kisasi na diya, na miaka ikapita ikaonekana mlango umefunguka pasipotarajiwa: kaka anamuua dada yake kwa madai ya kulinda heshima, kisha baba, ambaye ndiye mrithi, anamsamehe mwanawe. Muuaji na msamehevu wanatoka nyumba moja na pengine walipanga pamoja. Ndipo Oktoba 2016 Bunge likabadilisha sheria, ikawa hata warithi wakisamehe katika mauaji ya namna hiyo, muuaji anakabiliwa na kifungo cha maisha. Msamaha wa Qur-ani ni wa mwenye kuumia. Mwenye kushiriki hana cha kusamehe.

Ajali ya barabarani

Hili ndilo linalotokea zaidi visiwani: gari ya ng'ombe, daladala, bodaboda, mtoto anavuka njia. Kuua kwa bahati mbaya kumetajwa katika Suratun Nisaa, aya ya 92, na hukumu yake ina sehemu mbili ambazo watu huzichanganya.

Ya kwanza ni diya, haki ya warithi, na wao wanaweza kuiacha ikawa sadaka. Kiwango kilichopokewa ni ngamia 100, au kwa kipimo cha dhahabu dinari 1,000, ambazo ni takriban kilo 4 na robo za dhahabu. Najua ukiitaja hesabu hii katika barza ya kijijini watu hucheka. Ndiyo maana wanazuoni wameruhusu warithi waliobaleghe kukubaliana na pungufu ya hapo kwa njia ya sulhu. Asili ya diya ya bahati mbaya, tena, haiko juu ya dereva peke yake, iko juu ya jamaa zake wa upande wa baba, wamsaidie kwa awamu katika miaka mitatu. Jamaa wa siku hizi huonekana arusini, diya ikitajwa kila mmoja ana safari.

Ya pili ni kafara, na hii ni haki ya Allah. Warithi wakisamehe diya yote kafara haisameheki. Kwa kuwa leo hakuna mtumwa wa kuachwa huru, inabaki kufunga miezi miwili mfululizo. Tumewahi kukutana na madereva waliolipa, wakapatana, wakalia pamoja na wafiwa, na hakuna aliyewaambia habari ya saumu. Ikiwa uliua kwa kosa lako la uendeshaji, japo miaka kumi imepita, saumu hiyo ingali shingoni mwako.

Na kuna jambo nataka kina mama walisome vizuri. Diya ni mali ya mirathi. Inagawiwa kwa warithi wote kwa mafungu ya Qur-ani, na mjane yumo. Umar (R.A) mwanzo alikuwa akiona mke harithi katika diya ya mumewe, mpaka Dahhak bin Sufyan (R.A) akamjulisha kuwa Mtume (S.A.W) alimuandikia ampe mke wa Ashyam ad-Dibabi fungu lake katika diya ya mumewe, na Umar akaiacha rai yake. Kwetu fedha zinazoletwa na mwenye gari mara nyingi hupokewa na ami au kaka wa marehemu, zikanunuliwa mchele wa khitma, na kilichobaki hakijulikani kilipo. Fungu la mjane na la mayatima katika fedha hizo ni lao. Wala ami hawezi kuikubali sulhu ya pungufu kwa niaba ya mtoto wa marehemu ikampunguzia haki yake. Apunguze fungu lake yeye, kama analo.

Bima inayolipwa na kampuni ni mas-ala mengine yenye khilafu, na tutayaandikia wakati wake inshaallah.

Ugomvi, matusi, mali

Hapa sulhu ndio pahala pake khasa. Suratun Nisaa, aya ya 128, imeisifu sulhu kuwa ni kheri, na Suratul Hujurat, aya ya 9 na 10, imetuamrisha tusuluhishe baina ya waumini. Umepigwa ngumi kwenye mpira, nazi zako zimeangushwa usiku, karafuu zimechukuliwa kwenye jamvi, jirani amesogeza mpaka: kaeni, sameheaneni, rudishianeni mali. Umar (R.A) alikuwa akipendelea wagombanao warejeshwe wakapatane kwanza, kwani hukumu huacha chuki. Rubayyi' bint Nadr (R.A) alimvunja jino msichana, watu wake wakakataa kila kitu ila kisasi, kisha wakalegea wakakubali fidia, na Mtume (S.A.W) akafurahi kwa hilo, kisa kimo katika Sahihul Bukhari.

Ikiwa kesi imeshafika Mahkamani, pelekeni mapatano yenu kwa mwendesha mashtaka na hakimu, waambieni ukweli. Kutoroka siku ya kutoa ushahidi si sulhu.

Udhalilishaji wa watoto

Sasa tufike kwenye jambo lililonifanya niandike.

Miaka mingi nyuma niliitwa kwenye nyumba moja, shamba, baada ya Alasiri. Nilikuwa kijana katika kazi hii, nimetoka chuo kikuu na vitabu vyangu. Wazee walikuwa wameshamaliza mazungumzo. Kijana wa jirani amemharibu mtoto wa kike wa miaka tisa, wa nyumba ile ile ya pili. Kijana analetwa na ami yake, analia, anataka radhi. Wametoa fedha za matibabu na kitu juu yake. Kilichobakia ni mimi nisome dua ili iwe imekwisha kidini. Niliisoma. Mama wa mtoto alikuwa nyuma ya pazia, sikumuuliza chochote, na mtoto sikumuona. Mwaka wa pili kijana yule yule alifanya vile vile kwa mtoto mwengine, safari hii wa kiume, anayesoma chuo cha Qur-ani.

Simsimulii mtu habari hii ila kwa sababu najua kuna masheikh na masheha wanaitwa leo kwenye nyumba kama ile, na waitaji ni watu wazima wenye heshima zao, nawe umekuwa ukila nao sahani moja. Kuna lile neno letu, muhali. Kwa Kiarabu muhali ni jambo lisilowezekana. Sisi tumeligeuza likawa ile haya ya kumkatalia jamaa, mpaka imekuwa kweli haiwezekani kumpeleka mbele ya sheria mtu tunayemuita mjomba.

Watu wa muhali huleta hoja zao kwa lugha ya dini, basi na wajibiwe kwa dini.

Wanasema: tumesuluhisha, na sulhu ni kheri. Hadithi waliyoisoma ina tamko lililobaki, nalo ni kuwa sulhu baina ya Waislamu inafaa isipokuwa ile inayohalalisha haramu au kuharamisha halali. Tirmidhi ameipokea kwa Amr bin Awf (R.A). Na iko hadithi iliyo wazi zaidi, wameipokea Bukhari na Muslim kutoka kwa Abu Hurayra na Zayd bin Khalid (R.A). Kijana mmoja alikuwa kibarua kwa mtu, akazini na mke wa tajiri wake. Baba wa kijana akaenda kwa yule mume, wakapatana: kondoo 100 na kijakazi, jambo liishe. Kisha watu wenye elimu wakamtia wasiwasi, wakenda wote wawili kwa Mtume (S.A.W). Hukumu yake ilikuwa kwamba kondoo na kijakazi warudishwe kwa mwenyewe, na adhabu ya kila mmoja ifuate njia yake.

Itazame vizuri. Pande mbili zimeridhia. Mali imeshatoka na kupokewa. Na kitendo chenyewe kilifanywa na watu wazima wawili kwa khiari yao. Pamoja na hayo mapatano yalivunjwa na mali ikarudishwa, kwani kile kilichouzwa hakikuwa cha muuzaji. Itakuwaje basi kwa mtoto aliyeshikwa kwa nguvu, na mapatano yakafanywa na watu ambao yeye hakuwatuma?

Wanasema: mimi ni baba, nimesamehe. Umesamehe uchungu wako wewe, na hiyo ni haki yako. Uchungu wa mtoto ni wa mtoto. Tumeona juu kuwa walii hamsamehei mtoto mdogo katika damu ya mzazi wake, na walii katika mali ya mtoto haruhusiwi kutoa hata kikombe chake kama zawadi. Mwili wake ndio una bei nafuu kuliko kikombe?

Wanasema: kijana amekubali kuoa. Hili hutokea binti anapokuwa mkubwa kidogo, khasa ikiwa ana mimba. Wanaolitoa wajue kuwa madhehebu yetu, hata pale yanapompa baba uwezo wa kumuozesha bikira, yameweka masharti: mume awe kufu yake, na pasiwe na uadui. Fasiki si kufu wa binti mwenye kujihifadhi. Na aliyemshika kwa nguvu tunasemaje kuhusu uadui? Kumkabidhi binti kwa mtu huyo maisha yake yote kisha tukaita stara, mimi siioni stara iko wapi, isipokuwa kwa wazee.

Wanasema: na mtoto naye aliifuata mwenyewe. Mtoto hajabaleghe, kalamu imenyanyuliwa kwake. Ama mwanamke mkubwa aliyelazimishwa, Tirmidhi amepokea kwa Wail bin Hujr (R.A) kisa cha mwanamke aliyetenzwa nguvu zama za Mtume (S.A.W), naye hakuadhibiwa kwa lolote. Imam Malik na Imam Shafi wamesema aliyelazimishwa ana haki ya mahari ya mfano wake juu ya aliyemlazimisha, pamoja na adhabu ya mtenzaji. Mahari hiyo ni yake mwenyewe. Fedha zinazopokewa barazani na kugawanwa na wanaume hazina jina katika kitabu chochote cha fiqhi, ila jina la kula mali ya watu kwa batili.

Kuhusu kustiri

Hoja yenye nguvu zaidi kwao ni kuwa Mtume (S.A.W) amehimiza kumstiri Muislamu, na ameamrisha watu wasameheane katika mambo ya hadd kabla hayajamfikia. Hadithi hizi ni kweli na zina pahala pake. Umemuona mtu mlevi usiku anapita kichochoroni, ni mtu wa kawaida, kateleza: mstiri, mnasihi, usimpige picha ukaisambaza. Imam Nawawi ameeleza katika sherehe ya Sahihi Muslim kuwa stara inayopendekezwa ni kwa mtu asiyejulikana kwa maudhi na ufisadi. Anayejulikana kwa hayo anafikishwa kwa wenye mamlaka, kwani kumficha ni kumpa moyo. Na dhambi ambayo ingali inatendeka ni wajibu kuizuia.

Pia hizo hadithi zinazungumzia dhambi baina ya mtu na Mola wake. Aliyemharibu mtoto ana mdai, na mdai ni mtoto. Kuuficha ushahidi kumetajwa katika Suratul Baqara, aya ya 283, kuwa ni dhambi ya moyo, na Suratun Nisaa, aya ya 135, imetutaka tuisimamie haki japo ni dhidi ya nafsi zetu, wazazi wetu na jamaa zetu. Mwanamke wa Bani Makhzum alipoiba, watu wakubwa waliona aibu ya kabila, wakamtuma Usama (R.A) amuombee. Mtume (S.A.W) alikasirika, akawaambia watu kuwa waliotangulia waliangamia kwa kumuachia mtukufu na kumuadhibu mnyonge, na kuwa hata binti yake asingeachiwa.

Basi nini cha kufanya? Mtoto asikogeshwe wala nguo zisifuliwe, japo roho inakutuma umsafishe. Ushahidi ndio huo. Apelekwe spitali, Mnazi Mmoja kuna Kituo cha Mkono kwa Mkono kilichofunguliwa 2011, ambako daktari, polisi na mshauri nasaha wanapatikana pahala pamoja. Kesi za namna hii Zanzibar zinaendeshwa na Serikali, mzazi ni shahidi, na hana mamlaka ya kuzifuta. Nyingi hufa kwa kuwa shahidi hakutokea: amesafirishwa, ameambiwa asahau, ameapishwa. Aliyeapa kuwa hatotoa ushahidi avunje kiapo, alishe masikini kumi, aende Mahkamani.

Wengine huniambia kuwa Mahkama zetu si za sheria ya Kiislamu, kwa hiyo hakuna ubaya kuzikwepa. Adhabu ambayo haikupangiwa kiwango katika sheria ya Mungu inaitwa taazir, na wanazuoni wameiacha kwa mwenye mamlaka aipime kwa maslaha. Kifungo ni katika taazir. Kuondoa madhara kwa watoto ni wajibu juu ya yeyote anayeweza, na leo anayeweza ni huyu. Mtu mmoja mmoja hana ruhusa ya kutekeleza hadd nyumbani kwake, wala kumpiga mshukiwa mpaka afe kama tunavyosikia. Huko nako ni kuua, na waliouawa hivyo wamo ambao baadae ilibainika hawakufanya. Kumbukeni na hili: kumsingizia mtu ni dhambi kubwa, ndiyo maana panatakiwa uchunguzi, na uchunguzi haufanyiki barazani.

Mama aliyeuliza kwa sauti ya chini: ukikataa hupati dhambi. Unasimama na mwenye haki.

Rehema ndani ya adhabu

Isifahamike kuwa anayeadhibiwa ameondoka katika rehema. Mtu mmoja alikuwa akiletwa mara kwa mara kwa Mtume (S.A.W) kwa ulevi, akipigwa. Siku moja mmoja wa waliokuwapo akamlaani, Mtume (S.A.W) akakataza, akashuhudia kuwa mtu huyo anampenda Allah na Mtume wake. Adhabu ilikuwa pale pale na mapenzi pale pale. Mwanamke wa Ghamid aliyekuja mwenyewe kukiri aliadhibiwa, kisha Mtume (S.A.W) akamsalia na kuisifu toba yake.

Machi 15, 2019, Christchurch, New Zealand, Waislamu 51 waliuawa katika misikiti miwili siku ya Ijumaa. Farid Ahmed, anayetumia kiti cha magurudumu, alifiwa na mkewe Husna siku hiyo, naye akatangaza mbele ya watu kuwa amemsamehe muuaji. Agosti 2020 muuaji akahukumiwa kifungo cha maisha bila ya nafasi ya kutoka. Msamaha wa mume ulisimama na hukumu ya Mahkama ikasimama, hakuna kilichomvunja mwenziwe.

Kwa familia ya mkosaji: mama yake hakuiba wala hakuua. Msimtenge kwenye shughuli, msimnyime salamu. Mtembeleeni mwanawe gerezani, mpelekeeni msahafu na sabuni. Rais wa Zanzibar kwa Katiba ya 1984 ana uwezo wa kusamehe wafungwa, na kila Januari 12 tunasikia waliotolewa. Wanaporudi mitaani wengi hukuta hata pahala pao kwenye safu ya sala pana minong'ono.

Nimeulizwa kama aliyefungwa kwa kuharibu mtoto, akatubia na kutoka, anaweza kurudishiwa chuo chake akasomesha. Toba yake tunamuombea Allah aikubali, na akija msikitini asogezewe nafasi. Chuo asirudishiwe. Anaweza kulima, kuvua, kushona kanzu, kufundisha watu wazima mbele ya watu wazima. Amana ya watoto ni jambo jengine, na mwenye kutubia kikweli ndiye wa kwanza atakayesema asipewe.

Wallahu a'lam.